Siri Niliyoikalia Miezi Minane

Kila kijana anayekuja hapa kwangu Kibirichia na begi mgongoni huanza na swali moja: nilitumia kamera gani. Hata chai haijamiminwa. Huwa ninalijibu kwa sababu ni swali rahisi. Nilitumia yoyote niliyopewa. Ya kwanza ilikuwa nzito kama mtungi uliojaa maji, ya mwisho ilitosha kwenye kiganja. Kuna moja iliyokuwa ikikataa kuwaka asubuhi za Julai, baridi inaposhuka kutoka mlimani, mpaka niweke betri kwapani na kuzunguka shamba la viazi nimeubana mkono kama mtu aliyevunjika. Jirani alinipa pole kwa wiki nzima kabla hajajua ninafanya nini. Kwa hiyo upande wa vyombo shikeni hilo tu: betri hulala nawe ndani ya blanketi. Haiachwi kwenye gari.

Mambo mengine si rahisi hivyo, na ndiyo nimeketi kuwaandikia. Mimi ni Gatwiri. Nilitengeneza filamu za kumbukumbu kwa zaidi ya miaka thelathini, filamu za watu halisi wakisema yaliyowapata. Pembeni nilifanya sanaa: nilichapisha picha za nyuso za wazee juu ya magunia ya viazi, nikayatundika kwenye kumbi na mashule. Watu wa mjini waliuliza kwa nini magunia. Mama yangu alipokuwa msichana alivaa gunia. Watu walikuwa wamefungiwa ndani ya vijiji vyenye miba na mitaro, ile miaka ya Hali ya Hatari ya mkoloni, na nguo zilikuwa zimeisha. Aliniambia hivyo siku moja akimenya viazi, sentensi moja tu, akaendelea kumenya. Mpaka anakufa hakuongeza ya pili. Nafikiri kazi yangu yote ilikuwa kutafuta hiyo sentensi ya pili kwa watu wengine.

Si kila mtu alipenda magunia. Mzee mmoja wa Kiirua alipoona uso wake umechapwa alisimama mbele yake kwa muda mrefu, mikono nyuma, kisha akaniuliza, “Sasa Gatwiri, mimi nimekuwa viazi? Utanipima kwa debe?” Nikamwambia gunia hilo ni la heshima. Akasema, “Basi ungeliosha kwanza.” Alikuwa sawa. Tangu siku hiyo niliyaosha.

Mwalimu wangu wa kweli hakuwa mtu wa picha. Alikuwa fundi wa sauti, Njue, mtu wa Runyenjes, mfupi, mpole, aliyetembea na vipokea sauti shingoni hata akienda kanisani. Tulikutana kwa sababu ya aibu yangu. Nilikuwa nimemrekodi mama mmoja mzee wa Kiirua saa nzima, mvua ikinyesha, tumekaa chini ya mabati. Picha ilikuwa nzuri ajabu, nuru ya dirisha imelala shavuni mwake. Nilipompelekea Njue aisikilize, aliweka vile vifaa masikioni, akatulia, akanigeukia. “Huyu mama anaongea au mnamwaga maharagwe kwenye sufuria?” Hakuna neno hata moja lililosikika. Nikarudi Kiirua kumwomba mama arudie. Alirudia, lakini alirudia kama mtu anayesoma risiti. Yale ya kwanza yalikuwa yameenda na mvua.

Njue alinifundisha mambo mengi. Funga kuku kabla hujaanza. Mwombe mwenye nyumba azime redio, na umkumbushe kuiwasha ukiondoka. Usimwambie mzee “kaa vizuri,” kwa sababu atakaa kama anapigwa picha ya kitambulisho na hatakuwa yeye tena. Lakini kubwa lilikuwa hili: ukimaliza swali la mwisho, usizime. Shukuru, kunywa chai, nyamaza. Mtu akiona maswali yameisha, ndipo husema alichokuja kusema.

Nililitumia somo hilo Kianjokoma, kwa Cucu Wanjira. Cucu ni nyanya kwa lugha ya huko.

Kianjokoma ni upande wa Embu, juu kabisa, majani chai yanapofika karibu kukutana na msitu. Nilikuwa nikitengeneza filamu yangu kubwa ya mwisho, kuhusu wanawake waliokuwa wasichana katika vile vijiji vya kufungiwa. Cucu Wanjira alikuwa na miaka themanini hivi. Aliishi na mkaza mwana wake, Ruth, aliyekuwa mwalimu wa shule ya msingi. Mimi ni Mmeru. Kiembu ninakisikia lakini mtu akiongea haraka ananiacha njiani, kwa hiyo Njue alikuwa fundi wa sauti na pia mkalimani wangu.

Kisa chake kilijulikana na kila mtu pale. Dada yake mkubwa, Igoki, alikuwa akiwapelekea chakula wapiganaji waliokuwa msituni. Alificha nduma, yaani magimbi, ndani ya mzigo wa nyasi. Siku moja homugadi, watu wetu wenyewe waliopewa bunduki na serikali ya mkoloni, walimngoja kwenye njia yake karibu na mtaro. Igoki alipigwa risasi pale pale. Mtu alikuwa amewaambia njia.

Na watu walijua ni nani, au walidhani wanajua. Kulikuwa na mvulana wa miaka kumi na miwili, Nthiga, mtoto wa jirani aliyechunga mbuzi. Siku ile ile, watu waliona homugadi mmoja akiongea naye langoni, kisha wakamwona mvulana anakula kipande cha mkate. Katika kijiji ambacho watoto walikuwa wakitafuna maganda, mkate ulitoka wapi? Wakaona wamepata jibu. Tangu siku hiyo aliitwa Mugate, yaani mkate kwa Kiembu. Alikua akaitwa Mugate. Akaoa, watoto wake wakaitwa wa Mugate. Kwenye kituo cha kupeleka majani chai, watu walipanga foleni wakamwachia nafasi mbele na nafasi nyuma.

Cucu Wanjira alinisimulia haya yote kwa sauti ya mtu aliyezoea kuyasimulia. Nikauliza swali la mwisho, nikamshukuru. Ruth akaenda jikoni kuleta chai. Kamera ikaendelea.

Cucu alikuwa akiangalia mikono yake. Kisha akasema kitu kwa Kiembu, chini sana, kirefu kidogo. Mimi sikukipata. Niliona tu Njue ameacha kugusa vitufe vyake. Hakunitafsiria. Alimwuliza yeye, polepole, “Cucu, unataka huyu ajue?”

Cucu aliniangalia. Akasema kwa Kiswahili, Kiswahili chake kidogo cha sokoni, ili asikosee nani ameambiwa: “Ni mimi nilisema njia. Si mtoto yule. Ni mimi.”

Homugadi walikuwa wamemkamata siku moja kabla ya Igoki kuuawa. Alikuwa na miaka kumi na mitano. Walimweka kwenye kambi yao, wakamwonyesha mama yake amefungwa kwenye nguzo, wakamwambia mama atarudi nyumbani ama hatarudi, ni juu yake. Akanyoosha kidole. Mama alirudi. Igoki hakurudi. Watu walipoanza kusema ni mvulana, yeye alinyamaza siku moja, akinuia kusema kesho yake. Kesho ikawa mwezi. Mwezi ukawa maisha.

“Mama alikufa akimlaani yule mtoto,” alisema. “Mimi nikiwa hapo nimemshika mkono.”

Tulisikia hatua za Ruth. Cucu akaniinamia haraka. “Hiyo usionyeshe watu mpaka nife. Niahidi.”

Niliahidi. Ruth aliingia na chai, na sote tukasifu chai.

Vijana, ninyi mnapewa karatasi za ruhusa siku hizi, mtu anatia sahihi hapa na hapa, mnaona mmemaliza. Ahadi ile haikuwa na karatasi, na ndiyo nzito zaidi niliyowahi kubeba. Lakini ngojeni niseme ukweli wote, kwa sababu nikiwaachia hapo mtanifikiria vizuri kuliko ninavyostahili. Nilipotoka kwenye nyumba ile nilikuwa na huzuni, ndiyo, na chini ya huzuni nilikuwa na furaha. Furaha ya kazi. Nilijua nimepata kitu ambacho wengine hutafuta maisha yao yote. Nilikagua mara tatu kama imerekodiwa.

Wiki iliyofuata nilikwenda kwa Mzee Nthiga mwenyewe. Alikuwa tayari kwenye ratiba yangu, kwa sababu ya kisa cha Igoki. Kufuta kungezua maswali. Nilimkuta nje ya nyumba yake ya mbao, amevaa koti la suti juu ya sweta, viatu vimepigwa rangi. Binti yake, Marigu, mwanamke wa miaka hamsini na kitu, alikuwa amempanga hapo kwenye jua kama mgeni wa harusi. Marigu hakuolewa. Aliniambia mwenyewe, bila kuulizwa, akipanga vikombe: posa yake ilivunjwa wiki mbili kabla ya sherehe, wazee wa upande wa pili walipopata habari baba yake ni nani.

Mzee Nthiga aliongea vizuri kuliko mtu yeyote niliyewahi kumweka mbele ya kamera. Hakuwa na hasira. Alisema, “Nilikula ule mkate. Sikatai. Yule homugadi aliniuliza mbuzi ni wa nani, nikamwambia ni wa baba. Akacheka, akanikatia kipande. Nilikuwa sijala tangu jana yake. Nilikula nikitembea ili nisikutane na wengine wakaniomba. Hilo ndilo kosa langu. Nilikataa kugawa.” Akafikiri kidogo. “Ulikuwa mtamu. Sijawahi kuusahau utamu wake, na sijawahi kula mkate tena.”

Niliuliza swali la mwisho. Nikanyamaza kama nilivyofundishwa. Akasema, “Wewe umeenda kwa Wanjira.”

“Ndiyo, mzee.”

“Dada yake alikuwa akinipa nduma, yule Igoki. Alikuwa mtu mzuri. Ukirudi huko muulize Wanjira jambo moja. Muulize kama bado ananiita Mugate.”

“Nitamuuliza.”

“Hata mwonyeshe hiyo picha yangu. Mwambie nimekubali. Aone sasa mimi ni mzee, sina kitu cha kuficha.”

Nilizima kamera kabla ya wakati. Ni mara ya pekee niliyozima mapema, na nilizima kwa sababu sikuweza kuketi na kimya kile.

Tulipofika kwenye gari Njue aliweka vifaa vyake kwenye sanduku, kimoja kimoja, kama kawaida yake. Kisha akaniambia, “Gatwiri, mzee amekupa mlango. Hutavunja ahadi yoyote ukimpelekea Wanjira uso wa huyu. Mpelekee. Wenyewe wataongea ama hawataongea. Lakini rudi kabla ya mvua za Aprili. Hawa ni wazee.”

Tulikuwa mwezi wa Agosti. Nikasema nitarudi.

Sikurudi. Niwape sababu nilizojipa? Kulikuwa na maonyesho ya magunia mjini Meru, na mengine Nairobi. Kulikuwa na kuhariri. Kompyuta iliharibika. Nilipata homa ya mapafu mwezi wa Novemba, hiyo angalau ilikuwa kweli. Njue alinipigia simu mara mbili, na mara ya pili hakuuliza kitu, alisalimia tu akangoja. Nikamwambia mvua bado.

Sababu yenyewe nilikuwa nimeikalia. Wanjira akizungumza na Nthiga, jambo lingetoka. Lingesemwa kanisani, sokoni, kwenye kituo cha majani chai, na mimi ningefika na filamu inayosimulia kitu ambacho kila mtu anakijua. Nilitaka kwanza lisikike ndani ya ukumbi wenye giza, watu wamekaa, uso wa Cucu ukiwa mkubwa ukutani. Lakini nilikuwa nimeahidi kutoonyesha mpaka afe. Mnaona hesabu hiyo inaishia wapi. Nilikuwa ninangoja mwanamke mzee afe. Sikuwahi kuisema hivyo ndani ya kichwa changu. Nilisema “wakati ukifika.” Nilikuwa ninauliza habari zake kwa Ruth kwenye simu, “Cucu anaendeleaje?” na Ruth alinishukuru kwa kumjali.

Mwezi wa Aprili mvua ilianza. Sijui ni nini kilinisukuma. Labda ni kile kimya cha Njue kwenye simu. Siku ya Jumatatu niliweka kompyuta kwenye begi, nikaenda Kianjokoma peke yangu. Ruth alikuwa shuleni. Cucu Wanjira alinipokea jikoni, karibu na moto, akanipa kigoda. Nikamwambia nina mtu anataka kumwona, na ametoa ruhusa. Nikaiweka kompyuta juu ya gunia la mahindi, nikamwekea picha ya Mzee Nthiga.

Alitazama yote bila kusogea. Mkate. Mbuzi. Igoki akimpa nduma. Ilipofika pale mzee anapouliza kama bado anamwita Mugate, Cucu alinyoosha mkono akagusa kioo kwa ncha ya kidole, kwenye shavu la Nthiga.

“Amezeeka,” alisema. Baadaye kidogo akasema, “Hii ulichukua lini?”

Nikamwambia Agosti.

Alihesabu kwa vidole. Hakunilaumu, ningependa angenilaumu. Alisema tu, “Alhamisi nitaenda. Jumatano ni kliniki yangu ya presha. Alhamisi asubuhi Ruth atanipeleka.”

Mzee Nthiga alikufa Jumatano. Alikuwa na shida ya kifua tangu Krismasi. Sikujua, kwa sababu sikuwa nimeuliza habari zake hata siku moja. Ruth ndiye aliyenipigia. “Mzee Nthiga ametuacha,” alisema, “na Cucu amekaa chini kwenye sakafu, anakataa kuinuka.”

Nilikwenda mazishini. Marigu alikuwa ameniomba niwapigie picha familia, bila kujua anamwomba nani. Mvua ilikuwa imekatika asubuhi ile na uwanja ulikuwa matope matupu. Wanaume walikuwa wametandaza majani makavu ya migomba ili watu wakanyage. Watu hawakuwa wengi. Familia ilikaa kwenye hema moja, na hema la pili, lililowekwa kwa ajili ya majirani, lilikuwa na viti vingi vitupu. Hata siku ya kumzika walimwachia nafasi mbele na nafasi nyuma.

Cucu Wanjira alifika wakati kwaya inaimba. Alikuwa hajakanyaga boma lile kwa zaidi ya miaka sitini. Watu waligeuka. Ruth alikuwa amemshika mkono, na kwa kuutazama uso wa Ruth nilijua ameshaambiwa. Hawakuketi. Walitembea moja kwa moja mpaka mbele, na Cucu akamnyooshea mkono kijana mmoja aliyekuwa akiongoza ratiba, akitaka maiki.

“Cucu, ratiba imejaa,” alisema kwa upole. “Tunangoja chifu. Labda dakika mbili.”

“Dakika mbili zinatosha,” Cucu alisema.

Maiki ilipiga mluzi. Aliisogeza mbali na mdomo, akaitazama, akairudisha. Kisha akaangalia watu mmoja mmoja kama anayetafuta kuku aliyepotea. “Yule Mmeru yuko wapi? Mwenye mashine.”

Niliinua mkono. Nilikuwa nyuma, karibu na mbuzi wa kuchinjwa.

“Washa,” alisema. “Sasa usingoje nife.”

Sijui kama watu walielewa. Mimi nilielewa. Aliniona ndani mpaka chini kabisa, na akanipa ruhusa hata hivyo. Niliwasha. Mikono ilikuwa ikitetemeka; katika filamu mtaona picha inacheza, na wengine wameniandikia kunisifu kwa mtindo huo. Si mtindo.

Aliongea kwa Kiembu, polepole, na siku hiyo nilielewa kila neno. Alisema: “Mimi ni Wanjira. Igoki alikuwa dada yangu. Mmesema miaka yote aliuzwa na huyu aliye kwenye jeneza. Huyu alikula mkate tu. Aliyesema njia ni mimi. Niliogopa wataua mama. Baadaye niliogopa ninyi. Nikamwacha mtoto wa watu abebe.” Kisha akageukia jeneza, na hakutumia maiki tena, lakini sote tulisikia. “Nthiga. Uliuliza kama bado ninakuita lile jina. Sikuwahi kukuita. Hata mara moja. Lakini nilisikia wakikuita nikanyamaza, na hiyo ni mbaya zaidi.”

Hakuna aliyelia kwa sauti. Mzee mmoja kwenye lile hema la majirani alivua kofia yake akaishika magotini.

Marigu aliinuka. Alitembea juu ya yale majani mpaka akasimama mbele ya Cucu, karibu sana, na mimi nilifikiri atampiga. Ruth pia alifikiri hivyo. Nilimwona akisogeza bega. Marigu alisema, “Ulikuwa unapita hapo barabarani kila Jumapili. Baba alikuwa anasimama. Kila Jumapili, anasimama kwa lango, labda utaongea.”

“Nilimwona,” Cucu alisema.

“Ulimwona.”

“Nilimwona.”

Marigu aligeukia hema la familia na kusema, kwa sauti kavu kama anayeagiza kazi, “Mpeni kiti huyu mama. Hapa mbele.” Hakumkumbatia. Hakumshika mkono. Kiti kililetwa, Cucu akaketi pamoja na waliofiwa, na ibada ikaendelea.

Baada ya kuzika, watu walipokuwa wakinawa mikono ili wale, Marigu alinifuata nikikunja nyaya.

“Alisema usingoje afe. Kwa hivyo ulikuwa unajua.”

“Ndiyo.”

“Tangu lini?”

“Agosti.”

“Ulikuja kwetu Agosti. Ulikunywa chai yangu.” Akakanyaga waya niliokuwa nikiukunja. “Ulikuwa unajua siku hiyo, wakati baba anakuuliza?”

Nikasema ndiyo. Akaondoka akaenda kuwapakulia wageni.

Niliketi na filamu ile mwaka mzima bila kuigusa. Cucu Wanjira alikuwa hai, na sasa watu walikwenda kwake. Wengine kumtukana, wengine kukaa tu. Ruth aliniambia kuna wanawake wawili wa rika lake waliokuja, wakafunga mlango, wakatoka baada ya saa nyingi, macho mekundu. Hakuuliza walisema nini. Mimi pia sikuuliza, na huo ulikuwa mwanzo wa kujifunza kwangu, nikiwa na miaka sitini na moja.

Nilipomaliza kuhariri niliita watu watatu kabla ya mtu mwingine yeyote: Cucu, Ruth na Marigu. Nilifunika madirisha ya darasa moja la Ruth kwa magunia yangu, siku ya Jumamosi, tukatazama. Cucu alilala kidogo katikati, akaamka, akasema sauti ni nzuri. Nikamwambia Njue baadaye, akafurahi kuliko angepewa zawadi. Ruth alilia. Marigu alitazama mpaka mwisho, akasema, “Haijaisha.”

“Imebaki nini?”

“Umetuuliza sisi wote. Baba yangu, huyu mama, hata mimi. Nani amekuuliza wewe?”

Nilianza kumweleza kwamba mtengenezaji hukaa nyuma ya kamera, kwamba filamu haikuwa kuhusu mimi. Nilijisikia nikiongea, na nilisikika kama nilivyosikika kwa Njue miezi ile minane, nikimwambia mvua bado. Nikamwambia basi aniulize yeye, mbele ya kamera.

Tulifanya Jumamosi iliyofuata, darasani mle mle. Njue alikuja kutoka Runyenjes, mzee sasa, akanivalisha maiki kwenye kola bila kunitazama usoni. Nilimwonyesha Marigu namna ya kuweka picha sawa. Hakutaka mengi. Alivuta kiti akaketi kando ya kamera pale ninapoketi mimi siku zote, na mimi nikaketi pale wanapoketi wengine. Sikuwa nimewahi kukaa upande ule. Ni mbali, vijana. Lenzi iko mita mbili tu lakini ni mbali, na huna mahali pa kuweka mikono yako.

Aliniuliza jina langu. Nikamwambia. Aliniuliza nilijua tangu lini na nilifanya nini siku nilipojua, na nikamweleza, pamoja na zile mara tatu nilizokagua kama imerekodiwa. Kisha akaniuliza swali ambalo mimi, na ujuzi wangu wote, nisingethubutu kumwuliza mtu.

“Kama Cucu Wanjira angekufa kwanza, mwaka ule, ungefurahi?”

Njue alikuwa ameinamisha kichwa. Nje watoto walikuwa wakicheza mpira. Kwa kawaida ningesimamisha kila kitu nikaombe wanyamaze.

“Kwa ajili ya filamu, ndiyo,” nilisema. “Ningelia, na ningefurahi.”

Marigu aliitikia kwa kichwa polepole, kama mtu aliyetafuta kitu nyumba nzima na sasa amekiona. Baadaye aliniuliza anazima wapi, lakini kabla ya hapo alisema neno la mwisho, na liko kwenye filamu, sauti yake tu, uso ni wangu.

“Sasa na wewe umo.”